Kufunga Ncha

Bi Mize Shaame, uliniuliza neno
barazani kwa wodi ya wazazi, hapa Wete,
saa tisa ya usiku, ukili mapajani mwako,
nami nina damu hadi kwenye kiwiko.
Nikakujibu: dawa.
Ukasema, kuwa ni dawa naona, mwanangu,
nauliza inafanya nini.

Leo nina nafasi. Raya amelala, mtoto kashiba.
Jina lake kamili ni antifibrinolitiki.
Mwalimu wetu aliliandika ubaoni
likafika ukingoni, akalimalizia ukutani.
Faki wa Kojani akasema hilo si neno, ni tandu,
lihesabuni miguu.

Na mimi nilidhani, kama unavyodhani,
kwamba ni dawa ya kugandisha damu.
Siyo. Hapo ndipo tunapoteleza wengi.

Tazama mikono yako.
Mshipa ukipata tundu, mwili husuka.
Hauna mwalimu, hauna taa,
husuka nyuzi nyembamba kuliko mwaa uliochanwa kwa ukucha,
zikakatana, zikanasa chembe za damu kama uduvi,
mpaka tundu likapata kiraka.
Lile bonge ulilotaka nilifute haraka
lilikuwa kazi ya mtu.

Lakini ndani humo yumo wa pili,
na kazi yake ni kufumua.
Usimlaani. Kidonda kikipona nani atakitoa kiraka?
Hamad Kombo, jirani yako, ule mguu uliovimba:
mfumuaji wake alichelewa.
Huyo ukimpa dawa hii unamchimbia kaburi.
Ndiyo maana nilikuuliza mara mbili, ukanikasirikia,
kama Raya alipata kuvimba mguu mmoja,
kama alipata kubanwa na kifua.

Usiku ule mfumuaji alikuwa na haraka.
Kondo limetoka zima,
tumbo nimelisugua, sindano ya kubana mji nimechoma,
na shuka la tatu linaloa.
Mmoja anasuka, mmoja anafumua.
Anasuka. Anafumua.
Na saa ya ukutani, ile inayochelewa dakika nne, inatembea.

Saa tatu tu tangu mtoto atoke, ndizo tulizopewa.
Zikipita, utalinda kiraka gani?
Gramu moja, mshipani, dakika kumi, taratibu.
Umeme umekatika, mlinzi ananimulikia kwa simu
huku ameelekeza uso ukutani kwa haya,
na mwanga unakwenda anakotazama yeye.
Nikamfokea. Mwambie anisamehe.

Dawa haikusuka hata uzi mmoja, Bi Mize.
Aliyesuka ni Raya, amelala hajijui.
Dawa ilikwenda kumshika mwenzake mkono:
bado, ngoja, utafumua kesho.

Ukanyamaza. Ukageuza ukili, ukaupima kwa dhiraa.
Kisha ukasema, bila kuniangalia:
Mie nikiondoka kwenda kuswali naufunga ncha,
nikirudi niukute ulivyo.
Sijasuka kitu hapo. Nimefunga ncha tu.

Miaka mitatu ya chuo, Bi Mize,
na ule ukuta wote.

Nimeyaandika maneno yako daftarini, kando ya tandu.
Jana alikuja binti wa Konde, hedhi siku ya tisa,
amejifunga kanga mbili, ya juu nyeusi.
Vidonge vyake ni ndugu wa kile kichupa.
Akaniuliza: vitaikausha damu yangu?
Nikamwambia hapana, mama, vinafunga ncha.
Akacheka. Akavimeza.

Ndani ya kabati vimebaki vichupa viwili.
Nimeandika Chake, wamesema Jumatatu.
Leo ni Alhamisi,
na kitanda cha dirishani
wameshamleta mwengine.